Mkataba wa maji ya Nile: nani alikuwepo yanapogawanywa, nani hakuwepo

Kuna kauli nimeisikia tangu utoto, na mpaka leo ukikaa kijiweni Kahama au Shinyanga mjini mtu ataisema tu: eti maji ya Ziwa Victoria tulichelewa kuyapata kwa sababu Wamisri walitukataza. Sisi tuliokulia kule tunayajua maji ya lambo, yale unachota huku ng'ombe wanakunywa upande wa pili, alafu unajua kabisa ziwa liko upande ule, ziwa kubwa kuliko yote Afrika na karibu nusu yake iko ndani ya nchi yetu, na bado mama anaamka saa tisa usiku kuwahi foleni kisimani. Kwahiyo ile kauli inaingia akilini haraka sana.

Sasa je, ni kweli? Ni kweli nusu. Na hiyo nusu nyingine ndo ngumu kuielezea, maana ukianza kuivuta kamba unakuta imefungwa kwenye pamba ya Sudani, imefungwa kwa Waingereza, kwa mfalme Menelik wa Ethiopia, kwa Nyerere, na mwisho kabisa wa kamba yuko mkulima wa Misri ambaye naye hana kosa lolote. Habari hii nimeisoma miaka mingi na inanigusa, wacha niivute taratibu.

Kwanza tuelewane kwamba haya maji hayajawahi kuwa maji ya kawaida kwa mtu yeyote anayeishi kando yake. Baganda wanaliita ziwa Nalubaale, jina linalotokana na balubaale, miungu yao, na kule visiwa vya Ssese kuna kisiwa cha Bubembe palipokuwa na hekalu la Mukasa, mwenye ziwa, mwenye kutoa samaki na watoto. Upande wa Bukoba Wahaya wana Mugasha, huyo ndo mwenye maji na dhoruba. Panda mpaka milima ya Ethiopia, kule Sekela kuna chemchemi inaitwa Gish Abay, Waorthodoksi wanaenda kuoga pale na kubeba maji ya kuponyea, kwa sababu kwao mto Abay ndo Gihoni, ule wa bustani ya Edeni kwenye kitabu cha Mwanzo. Na Waislamu wanaijua habari ya Miiraji, Mtume alivyoonyeshwa mito minne kwenye Mkunazi wa Mwisho, miwili ya ndani na miwili ya nje, na hiyo ya nje ni Nile na Furati. Misri ya kale ndo usiseme, mafuriko yenyewe yalikuwa na mungu wake, Hapi.

Nayasema haya makusudi. Kuna kisiwa kinaitwa Rawda pale Cairo, na ndani yake kuna shimo la mawe lililojengwa mwaka 861, katikati limesimamishwa nguzo iliyochorwa alama za dhiraa. Kazi ya ile nguzo ni kuusoma mto. Maji yakipanda yakafika dhiraa 16 watu wanashangilia, mashamba yatanywa, na mtawala anajua kodi atakusanya. Yasipofika, mwaka huo ni njaa. Misri mvua karibu hakuna, mpaka leo zaidi ya asilimia 90 ya maji wanayotumia yanatoka kwenye huu mto mmoja, na watu wenyewe sasa wamepita milioni 100. Kwahiyo unapomuona waziri wao anaongea kwa ukali kuhusu Nile usidhani ni kiburi tu, hofu ile ina miaka elfu kadhaa, walikuwa nayo hata zama zile ambazo iliaminika kwamba mfalme wa Uhabeshi, yaani Ethiopia, akiudhika anaweza kuugeuza mto uelekee kwingine.

Maji yenyewe yanatoka wapi

Hapa ndo wengi tunapochanganya, na mi mwenyewe nilichanganya muda mrefu. Shuleni tulifundishwa chanzo cha Nile ni Ziwa Victoria, ukiuliza zaidi unaambiwa Kagera, ukipanda na Kagera unaishia Rwanda na Burundi. Ni sahihi kwa urefu. Kwa wingi wa maji hadithi ni nyingine kabisa: maji yanayofika Aswan kusini mwa Misri, karibu asilimia 85 yanatoka nyanda za juu za Ethiopia, kupitia Nile ya Bluu, Atbara na Sobat. Ziwa Victoria na maziwa yote ya huku kwetu tunachangia hiyo 15 iliyobaki.

Inakuwaje ziwa lote lile lichangie kidogo hivyo? Moja, ziwa lenyewe linaishi kwa mvua inayolinyeshea juu yake, na jua linachukua karibu yote kabla hayajafika Jinja, kule Uganda mto unapotokea ziwani. Pili, Nile Nyeupe ikishatoka Uganda ikaingia Sudani Kusini inakutana na Sudd, kinamasi kikubwa ajabu, jina lenyewe limetokana na Kiarabu sadd, kizuizi. Pale maji yanatandaa yanakuwa mapana kama nchi, jua linanyonya, na karibu nusu yanaishia hewani. Mwaka 1978 wakaanza kuchimba mfereji wa Jonglei, kilomita 360, ili maji yakwepe kinamasi yawahi Misri na Sudani kaskazini. Wenyeji wa kule wanaoishi kwa malisho na samaki wa kinamasi hawakuupenda, vita ikazuka, SPLA, jeshi la waasi wa kusini, wakashambulia kambi ya mradi na kazi ikasimama mfereji ukiwa umefika kama kilomita 260. Mashine ya kuchimbia iko pale mpaka leo, inaliwa na kutu. John Garang aliyeongoza SPLA shahada yake ya udaktari Marekani aliiandika kuhusu mradi huohuo, yaani alikuwa anaujua kuliko waliokuwa wanauchimba.

Lakini usidharau ile 15 yetu. Maji ya Ethiopia yanakuja kwa fujo, Julai mpaka Oktoba, alafu yanakata. Maji ya maziwa yanatiririka mwaka mzima bila haraka, na zamani kabla ya mabwawa makubwa hayo ndo yalikuwa yanamvusha Mmisri miezi ya kiangazi. Ukishalielewa hili utaelewa kwa nini mtu wa London mwaka 1929 alihangaika na ziwa la Wasukuma na Wajaluo.

Barua mbili za mwaka 1929

Waingereza waliingia Misri 1882, na walichokitaka pale, ukiacha mfereji wa Suez, ni pamba ya viwanda vyao. Baadaye wakaipenda na ardhi ya Sudani, pale Gezira katikati ya Nile ya Bluu na Nile Nyeupe, wakajenga bwawa la Sennar likakamilika 1925 ili kumwagilia pamba huko pia. Wamisri wakaanza kuhesabu: kila tone linaloingia Gezira ni tone lisilofika kwetu. Katikati ya wasiwasi huo, Novemba 1924, Sir Lee Stack aliyekuwa gavana mkuu wa Sudani akapigwa risasi Cairo akafa. Lord Allenby, mwakilishi wa Uingereza, akatoa masharti ya hasira, na moja lilikuwa kwamba eneo la umwagiliaji Gezira litapanuliwa bila kikomo. Yaani adhabu ya mauaji ikawa maji. Mkulima wa Delta, kule kaskazini mwa Misri mto unapoingia baharini, ambaye hajui hata huyo Stack ni nani anaambiwa mto wake unaweza kupunguzwa.

Ile kauli ya Allenby iliwatia Wamisri hofu kiasi kwamba miaka michache baadaye Waingereza wenyewe wakaona wapoze mambo, maana walikuwa wanaihitaji Misri itulie. Ndo tarehe 7 Mei 1929 zikabadilishwa barua kati ya Mohamed Mahmoud Pasha, waziri mkuu wa Misri, na Lord Lloyd, kamishna wa Uingereza pale Cairo. Huo unaoitwa mkataba wa 1929 ni hizo barua na taarifa ya wataalamu iliyoambatanishwa. Hesabu yake iliiachia Misri mita za ujazo bilioni 48 kwa mwaka, Sudani bilioni 4. Alafu kuna kifungu kilichotufunga sisi: bila Misri kukubali kwanza, hakuna kazi ya umwagiliaji wala ya umeme itakayojengwa kwenye Nile, matawi yake, au maziwa yanayotoa maji yake, ndani ya Sudani au nchi zilizo chini ya utawala wa Uingereza, ikiwa kazi hiyo itapunguza maji ya Misri, itachelewesha kufika kwake au itashusha kina chake na kuleta madhara.

Tanganyika haimo kwa jina, Kenya na Uganda hazimo pia, tumo kwenye maneno "nchi zilizo chini ya utawala wa Uingereza". Na Tanganyika hata koloni kamili haikuwa, Uingereza ilikuwa imekabidhiwa na Shirikisho la Mataifa iilinde kwa niaba ya wenyewe. Hakuna mtu wa Musoma, wa Magu, wa Kisumu wala wa Jinja aliyeulizwa.

Soma kile kifungu tena lakini kwa umakini. Kinakataza kazi zinazoleta madhara kwa Misri bila ridhaa yake. Hakisemi mtu wa Shinyanga asinywe maji. Kwahiyo wale wazee wa kijiweni wanaposema tulikatazwa kunywa, kwa maandishi hawako sahihi. Ila kwa vitendo wako karibu na ukweli, na nitafika hapo.

Ethiopia haikuwa koloni kwahiyo ya 1929 haikuihusu, lakini nayo ina karatasi yake. Mei 1902 Menelik wa Pili alisaini na Waingereza mkataba wa mpaka, ndani yake kikapachikwa kifungu cha maji ya Nile ya Bluu, Ziwa Tana na Sobat, kwamba hatajenga kitu cha kuuzuia mto bila kukubaliana na Uingereza na serikali ya Sudani. Uliandikwa kwa Kiamhari na kwa Kiingereza, na mabishano yakaanzia hapo: je, Menelik aliahidi kutouziba mto kabisa, au aliahidi kutougusa kabisa? Waethiopia wanasema ni la kwanza. Neno moja hilo, miaka zaidi ya 120.

Na Uganda? Wao walijengewa bwawa la Owen Falls pale Jinja, Malkia Elizabeth akalifungua Aprili 1954, na kwa sababu ya ile 1929 ilibidi Misri ikubali kwanza, ikachangia hela, na ikaweka injinia wake palepale Jinja wa kuangalia maji yanayoachiwa. Kukawa na kanuni, wataalamu wanaiita mkunjo wa makubaliano: ziwa likiwa kina fulani unaachia kiasi fulani, kilekile ambacho mto ungetoa wenyewe kabla ya bwawa, wakati mwamba wa asili ndo ulikuwa unapima. Mi naona ni kanuni nzuri sana, kwa sababu inafuata ziwa lenyewe badala ya namba iliyokaririwa. Kati ya 2004 na 2006 mvua ilipopungua na Uganda ikaachia maji mengi kuliko kanuni ili ipate umeme, ziwa lilishuka vibaya mpaka wavuvi wa nchi zote tatu wakaliona kwa macho.

Namba za 1959

Sasa hapa ndo penye moyo wa ugomvi. Sudani ilipata uhuru 1956 ikasema ile bilioni 4 haitoshi, na Misri ya rais Nasser ilikuwa inataka kujenga bwawa kuu la Aswan, bwawa ambalo ziwa lake lingeingia ndani ya Sudani. Kila mmoja anamhitaji mwenzie. Tarehe 8 Novemba 1959 wakasaini Cairo.

Hesabu yao ni hii. Wastani wa maji yanayofika Aswan kwa mwaka ni mita za ujazo bilioni 84. Toa bilioni 10 zitakazopotea kwa jua na kuzama ardhini kwenye ziwa la bwawa. Zinabaki 74. Misri 55.5, Sudani 18.5. Jumlisha mwenyewe, 55.5 na 18.5 ni 74 kamili. Imeisha. Ethiopia inayotoa asilimia 85 ya maji haimo, Uganda haimo, Kenya, Tanganyika, Rwanda, Burundi, Kongo, wote hawamo. Kuna kifungu kinachosema siku nchi nyingine ikija kudai fungu lake, Misri na Sudani zitakaa kwanza zikubaliane msimamo mmoja, na kiasi kikikubalika kitakatwa nusu kwa nusu kutoka kwa wote wawili. Walau walijua kwamba ipo siku tutabisha hodi.

Hata hao wawili kuna waliolipia kuliko wengine. Mji wa Wadi Halfa upande wa Sudani ulizama. Wanubi, wenyeji wa bonde lile, wa pande zote mbili, kwa makumi ya maelfu, walihamishwa, wa Sudani wakapelekwa mbali kabisa Khashm el-Girba karibu na mto Atbara, mashamba ya mitende, makaburi ya babu zao, vyote chini ya maji. Misri ililipa paundi milioni 15 za Misri kwa serikali ya Khartoum. Ukimsikiliza Mnubi leo anavyoimba habari za Halfa unaelewa kwamba hela haikugusa hata robo ya kilichopotea.

Kitu kingine ambacho hakisemwi vya kutosha: ile 84 ni wastani tu. Kuna miaka kama 1913 ambapo maji yalikuwa nusu na kidogo ya hapo, na kuna miaka yanamwagika. Tena mkataba ulisainiwa 1959, na kuanzia 1961 zikanyesha mvua ambazo wazee wa kanda ya ziwa wanazikumbuka, ndani ya miaka kama mitatu Ziwa Victoria likapanda zaidi ya mita mbili. Namba hazikubadilika hata moja.

Miaka miwili ya Nyerere

Tanganyika ikapata uhuru Desemba 1961, na Nyerere akakutana na swali ambalo kila nchi changa ilikutana nalo: mikataba aliyosaini mkoloni kwa jina letu, tunairithi au tunaitupa? Jibu lake mi naliona ni moja ya akili kubwa zilizowahi kutoka kwenye siasa za Afrika. Hakuitupa yote siku ya kwanza, hakuimeza yote pia. Alisema tutaiheshimu kwa miaka miwili, ndani ya miaka hiyo aliye na mkataba na sisi aje tuzungumze upya, muda ukiisha kama hatujazungumza basi umekwisha, isipokuwa ile ambayo sheria ya kimataifa yenyewe inasema inaendelea. Julai 1962 Tanganyika ikaziandikia Uingereza, Misri na Sudani kwamba ule wa maji ya Nile hautufungi. Uganda, Kenya na nyingine nyingi zikafuata njia ya namna hiyo, na wanasheria duniani mpaka leo wanaiita kanuni ya Nyerere.

Misri ikajibu kwamba mkataba unaendelea mpaka upatikane mwingine. Hoja yao sio ya kipuuzi, tuielewe. Chukulia umenunua kiwanja, na katikati kuna njia ambayo majirani wamepita miaka yote. Aliyekuuzia ameondoka, je njia imeondoka naye? Misri inasema haki ya maji ni kama ile njia, imeshikamana na ardhi, mtawala akibadilika yenyewe inabaki. Na wanaongeza: mipaka mliyochorewa na wakoloni mmeikubali, Umoja wa Nchi Huru za Afrika uliipitisha 1964 palepale Cairo, na Nyerere alikuwa mstari wa mbele, sasa mbona mpaka mnaukubali na maji mnayakataa?

Jibu la upande wetu ni kwamba mpaka unazihusu nchi zote mbili sawa, kila mmoja anabaki na chake. Ile ya 1929 ilimpa mmoja kauli ya mwisho juu ya maji yaliyo ndani ya nchi ya mwingine, na mwingine hakupewa chochote, wala hakuwepo. Hiyo mi siwezi kuifananisha na njia ya majirani, ni kama jirani wa bondeni ana ufunguo wa jiko lako. Hakuna mahakama ya kimataifa iliyowahi kuamua hili la Nile, kwahiyo hoja zote mbili zinaishi.

Na sasa nirudi Shinyanga. Kama tulikataa mkataba tangu 1962, mbona bomba lilichelewa? Kwa sababu mkataba wa namna hii hauhitaji mwanajeshi kuusimamia, mwenye hela anatosha. Benki ya Dunia ina sera kwamba mradi unaogusa mto wa nchi nyingi, nchi nyingine lazima zijulishwe kabla ya mkopo, na mfadhili akiona kuna anayeweza kupinga anapoa. Changanya na umaskini wetu wenyewe na vipaumbele vya serikali zetu, hilo nalo tulikubali. Mwisho serikali ikaamua kujenga kwa hela yake, maji yanachotwa Ihelele wilayani Misungwi, yanasafishwa, yanapandishwa mlimani alafu yanateremka mpaka Shinyanga na Kahama, na Rais Kikwete akauzindua mradi mwaka 2009. Kiasi kinachochotwa, ukikilinganisha na kinachonyonywa na jua pale Sudd, hakionekani hata kwenye kipimo. Siku maji yalipotoka bombani mtaani kwetu mama aliacha kipira kinamwagika tu chini, hakukifunga, akawa anatazama.

Maneno machache ya kifungu cha 14

Februari 1999 mawaziri wa maji walikutana Dar es Salaam wakaanzisha ushirikiano wa bonde la Nile, makao yakawekwa Entebbe, na lengo lilikuwa wote wakae meza moja waandike mkataba mpya. Walijadiliana zaidi ya miaka kumi. Karibu kila kitu kilikubalika, wakakwama kwenye kifungu cha 14, kipengele b.

Nchi nyingi zilitaka kiseme kwamba nchi zitajitahidi kutoathiri kwa kiasi kikubwa usalama wa maji wa nchi nyingine yoyote ya bonde. Misri na Sudani zikataka kiseme kutoathiri usalama wa maji pamoja na matumizi ya sasa na haki za nchi nyingine. Ukisoma haraka unaona ni kitu kilekile. Sasa jiulize "matumizi ya sasa na haki" maana yake nini. Ni 55.5 na 18.5. Ni zile namba za 1959 zimeingia kwa mlango wa nyuma, na nchi za juu zikikubali maneno hayo zinakuwa zimesaini kwa mkono wao kile walichokikataa tangu uhuru. Hawakukubaliana, kipengele kikawekwa pembeni kije kumaliziwa na kamisheni ya bonde la Nile, na Mei 2010 Ethiopia, Uganda, Rwanda na Tanzania zikasaini bila Misri na Sudani, Kenya siku chache baadaye, Burundi 2011.

Kusaini sio kuridhia, bunge lazima lipitishe, na zilitakiwa nchi sita. Ethiopia na Rwanda 2013, Tanzania 2015, Uganda 2019, Burundi 2023, na ya sita ikaja kuwa Sudani Kusini 2024, nchi ambayo mazungumzo yalipoanza haikuwepo hata kwenye ramani. Tarehe 13 Oktoba 2024 mkataba ukaanza kufanya kazi. Kenya ilisaini lakini haijaridhia. Misri na Sudani wanasema hauwafungi, na kwa sheria ya mikataba wako sahihi, asiyesaini hafungwi. Ni hoja ileile ya Nyerere ya 1962, safari hii imeshikwa upande wa pili.

Mabwawa mawili kwenye mto mmoja

Wakati wanasheria wanabishana, Ethiopia ilikuwa inamwaga zege. Aprili 2011 Meles Zenawi, waziri mkuu wake, aliweka jiwe la msingi la bwawa kubwa kule Guba, karibu na mpaka wa Sudani. Wafadhili wa nje hawakutaka kugusa, kwa sababu zilezile za bomba la Shinyanga ila mara elfu, kwahiyo wakauza hatifungani kwa wananchi, wafanyakazi wakakatwa mishahara, walioko nje ya nchi wakachangia, na Septemba 2025 likazinduliwa. Megawati zaidi ya 5,000, na linabeba maji bilioni 74. Iangalie hiyo namba: ni sawasawa na zile 74 ambazo Misri na Sudani waligawana 1959.

Watu wanadhani bwawa la umeme linakula maji. Halili, maji yanazungusha mashine yanaendelea na safari, kinachopotea ni kile cha jua. Sudani hata inaweza kufaidika, mto unaokuja kwa fujo miezi mitatu utakuja taratibu mwaka mzima, mafuriko ya Khartoum yanapungua, ilimradi Ethiopia itoe taarifa mapema inapofungua na kufunga, maana bwawa la Sudani la Roseires liko chini yake tu. Kulijaza ndo kulikuwa na wasiwasi, lakini limejazwa kuanzia 2020 miaka ambayo mvua zilikuwa nzuri, na Misri haikukauka.

Kwahiyo kilichobaki ni ukame. Mwaka 2015 Khartoum viongozi wa Misri, Sudani na Ethiopia walisaini tamko la kanuni, matumizi ya haki, kutoleta madhara makubwa, kushirikiana kwenye kujaza na kuendesha. Maneno mazuri yote, hakuna hata lita moja ndani yake. Misri inataka iandikwe namba, kwamba miaka ya ukame Ethiopia itaachia kiasi kadhaa, na iwe inafunga kisheria. Ethiopia inaona kwamba ikiandika namba tu, itakuwa imerudisha 1959 na kujifungia hata mabwawa itakayotaka kujenga miaka 50 ijayo. Wamekutana Washington, Umoja wa Afrika umejaribu, Cairo, Addis, imeshindikana.

Mi natamani wangeangalia ile kanuni ya Jinja, maji yanayoachiwa yafuate kina cha bwawa na mvua ya mwaka ule, pande zote mbili zikibeba upungufu pamoja. Karibu na kwetu kuna mfano mdogo, maporomoko ya Rusumo kwenye Kagera, Tanzania, Rwanda na Burundi wamejenga mtambo mmoja wa megawati 80 na umeme wanagawana sawa, maji yakipungua wote wanapungukiwa kwa wakati mmoja, hakuna wa kumlaumu mwenzie. Najua 80 na 5,000 sio kitu kimoja, na Rusumo hakuna watu milioni 100 wanaosubiri chini yake.

Ukame kama wa 1984 utarudi, Ethiopia wanaukumbuka ule mwaka kwa makaburi. Ukirudi, mto mmoja utakuwa na matangi mawili makubwa, la Guba juu na la Aswan chini, yote yanashuka kwa pamoja, na mpaka naandika hapa hakuna karatasi iliyosainiwa na nchi zote tatu inayosema koki ya juu ifunguliwe kiasi gani.